Nani Aliwapa Ruhusa ya Kubeba Godoro?

Watu wa marejesho, yaani wanaokusanya malipo ya mikopo midogo, wakija kubeba vyombo hawaanzii kwa mdaiwa. Wanaanzia kwa mwenyekiti wa mtaa. Wanafika asubuhi, vijana watatu au wanne na afisa mikopo mwenye faili kwapani, kirikuu, kile kigari kidogo cha mizigo, imeegeshwa pembeni. Wanamwamkia mwenyekiti kwa adabu zote, wanamwonyesha nakala ya mkataba pamoja na ile barua ya utambulisho wa mkopaji aliyoigonga muhuri yeye mwenyewe miezi michache nyuma, kisha wanamweleza kwamba wamekuja kumalizana na mteja wao. Mwenyekiti anautazama muhuri wake, anaguna, anawapa mjumbe wa kuwasindikiza. Kuanzia hapo mtaa mzima, uwe Igoma au Pasiansi hapa Mwanza, unaamini kinachofanyika kina baraka za serikali. Godoro linatoka. Televisheni inatoka. Mtungi wa gesi unatoka na uji ukiwa bado jikoni.

Hakuna sheria ya nchi hii inayompa mwenyekiti wa mtaa mamlaka ya kubariki jambo hilo. Wala mkopeshaji hana. Lakini kwa kuwa wote wawili wanajiamini, na mwenye nyumba ana aibu ya kudaiwa, vyombo vinapakiwa na hakuna anayeuliza.

Shida yetu iko kwenye hiyo aibu. Mtaani mtu akidaiwa anahesabiwa hana mdomo. Akilalamika kwamba ametukanwa mbele ya wakwe zake, jibu analopewa ni moja tu: dawa ya deni kulipa. Ni kweli, deni hulipwa. Ila deni ni shauri moja na unyanyasaji ni shauri lingine, na sheria imeyatenganisha siku nyingi. Mtu anaweza kuwa anadaiwa kihalali kabisa, kila senti, na siku hiyohiyo akawa ametendewa kosa la jinai na huyohuyo anayemdai. Kulipa deni hakufuti kosa lile, na kosa lile halifuti deni. Wanaochanganya mambo haya si wadaiwa peke yao. Wenyeviti wanayachanganya, na polisi wa kaunta wanayachanganya pia.

Tuanze na vyombo. Mkopo usiolipwa ni shauri la madai. Mkopeshaji anayetaka mali ya mtu anakwenda mahakamani, anafungua shauri, mdaiwa anaitwa na kusikilizwa, hukumu inatoka, ndipo yanapokuja maombi ya utekelezaji na dalali wa mahakama anayefika na amri iliyoandikwa namba ya shauri. Hata huyo dalali hachukui kila anachokiona. Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai imevitoa kwenye orodha ya vitu vya kukamatwa nguo za lazima, vyombo vya kupikia, vitanda na matandiko ya mdaiwa na familia yake, pamoja na zana za kazi za fundi. Yaani lile godoro ambalo mahakama yenyewe haina ruhusa ya kuligusa, kijana wa marejesho analirusha juu ya kirikuu mchana kweupe.

Kuna mahali pa kuwa makini. Aliyeweka pikipiki dhamana kwa mkataba, akakabidhi na kadi yake, yuko katika hali tofauti na aliyekopa bila kutaja mali yoyote. Mkataba wa namna hiyo unaweza kumpa mkopeshaji haki juu ya pikipiki ile. Haumpi haki ya kuvunja mlango, wala ya kubeba friji kwa sababu pikipiki haikuonekana. Na anayeingia kwenye nyumba ya mwenzake kwa nia ya kumtisha, kumtukana au kumuudhi, Kanuni ya Adhabu inaliita tendo lake kuingia kwa jinai, awe na faili kwapani au asiwe nalo.

Tishio lingine linalopendwa sana hapa mjini ni Butimba. "Utalala Butimba" ni sentensi ambayo afisa mikopo anaitamka kana kwamba funguo za gereza ziko mfukoni mwake. Hazipo. Kushindwa kulipa mkopo peke yake si kosa la jinai. Ipo njia ya mdaiwa kupelekwa gerezani kama mfungwa wa madai, lakini inapita kwa hakimu, baada ya hukumu na maombi maalumu, mdaiwa akipewa nafasi ya kueleza kwa nini hajalipa. Tena gharama za kumtunza huyo mfungwa zinamwangukia aliyeomba afungwe. Sijamsikia afisa mikopo anayeitaja sehemu hiyo ya mwisho.

Kwa hiyo mwenyekiti aliyefuatwa asubuhi ile ana swali moja tu la kuuliza: amri ya mahakama iko wapi? Kama haipo, hakuna mjumbe wa kusindikiza mtu. Wenyeviti tulionao walichaguliwa tarehe 27 Novemba 2024, na wengi ni watu wema ambao hawajawahi kuelezwa hili na yeyote. Watendaji wa mitaa ni waajiriwa wa halmashauri. Sioni kinachomzuia Mkurugenzi wa Jiji la Mwanza na mwenzake wa Manispaa ya Ilemela kutoa waraka wa ukurasa mmoja unaosema muhuri wa mtaa unathibitisha makazi ya mkopaji basi, na kwamba kiongozi atakayesindikiza ukamataji usio na amri ya mahakama atawajibika mwenyewe. Haihitaji bajeti. Inahitaji pia kuacha ile hela ya muhuri ambayo kila mtu anaijua na hakuna anayeiandikia risiti, maana kiongozi aliyelipwa kugonga barua ataona tabu kumgeuka aliyempa biashara.

Lakini unyanyasaji hauanzi siku ya kirikuu. Unaanza siku ya mkataba, na kwa Mwanza huwezi kulielewa hili bila kwenda soko la dagaa la Mwaloni, Kirumba.

Dagaa wa Ziwa Victoria huvuliwa kwa taa, usiku wa giza. Mbalamwezi ikikolea dagaa hawakusanyiki kwenye taa, mitumbwi inapandishwa ufukweni, wavuvi wanashona nyavu na kulala. Katika kila mwezi kuna siku kama kumi hivi ambazo mzigo hauingii au unaingia kwa shida, na bei ya ndoo inapaa. Msimu wa mvua unaongeza yake: dagaa walioanikwa wakinyeshewa wanaharibika, na mama aliyewanunua kwa bei ya chakula cha watu anawauza kwa bei ya chakula cha kuku. Kila anayefanya biashara ile anaijua hii kalenda. Mkopeshaji mwenye ofisi hatua chache kutoka sokoni anaijua pia. Hata hivyo anatoa mkopo wa wiki nne wenye rejesho kila wiki. Wiki nne ni karibu mwezi mzima wa angani, kwa hiyo mkopo huo karibu lazima upite kwenye mbalamwezi. Rejesho moja, pengine mawili, yatadaiwa wakati ambapo hakuna dagaa wa kuuza.

Tupige hesabu. Tuseme mama amekopa shilingi 300,000. Inakatwa 30,000 hapohapo, wanaita fomu na bima, anaondoka na 270,000 mkononi. Anatakiwa kurejesha 97,500 kila wiki, jumla 390,000. Kwa wakopeshaji wenye leseni ya Daraja la Pili, yaani wasiopokea amana, ukomo uliowekwa na Benki Kuu ni riba ya asilimia 3.5 kwa mwezi. Kwa laki tatu hiyo ni shilingi 10,500. Mama wetu anadaiwa 90,000, na ile 30,000 ya fomu hatujaigusa. Watu hawakukosea kuuita mkopo huu kausha damu.

Wiki ya kwanza analipa. Ya pili analipa kwa kujibana. Ya tatu mwezi uko juu, ziwa limelala, anakwenda ofisi ya jirani kukopa ili alipe ofisi ya kwanza. Sasa ana maafisa wawili, na wote wanazijua saa zake za kuwa sokoni. Wanakuja pale kwenye chanja zake, mbele ya wateja kutoka mikoani, wanatangaza deni kwa sauti. Mteja anayetafuta gunia ishirini hataki kununua kwa mtu mwenye kelele, anahamia kwa mwingine. Hapo aibu inageuka hasara, na hasara inazaa rejesho lingine lisilolipika. Ndiyo maana siamini ile hadithi kwamba matusi ya maafisa ni tabia mbaya ya vijana wachache. Mkopo wenye riba ya namna hii kwa biashara ya namna hii haukusanyiki kwa simu ya upole, na aliyeupanga alilijua hilo tangu siku ya kwanza.

Sheria ya kumbana aliyeupanga ipo. Sheria ya Huduma Ndogo za Fedha ilipitishwa mwaka 2018, kanuni zake zikafuata 2019, na soko zima likagawanywa katika madaraja manne. Daraja la kwanza ni taasisi zinazopokea amana, la pili ni hao wakopeshaji tunaowazungumzia, la tatu ni Saccos, yaani vyama vya akiba na mikopo, la nne ni vikundi vya kijamii kama vikoba. Anayekopesha bila leseni anavunja sheria, na mwenye leseni anayezidisha riba au kudhalilisha wateja ana mkubwa wake wa kushtakiwa kwake. Wengi hapa wanadhani Benki Kuu iko Dodoma na Dar es Salaam tu. Ina tawi hapa Mwanza. Malalamiko yanapelekwa kwanza kwa mkopeshaji mwenyewe kwa maandishi, nakala ukabaki nayo, na asiporidhisha ndipo yanapanda Benki Kuu. Najua kuandika barua kwa mtu anayekutukana kunaonekana upuuzi. Ila barua hiyo ndiyo tiketi ya kuingilia mlango unaofuata.

Kinachonipa shida zaidi ni mikopo ya vikundi, na hapa nakiri sheria inashika kidogo. Wanawake kumi au ishirini wanadhaminiana. Siku ya rejesho wanakutana nyumbani kwa mmoja wao, na hakuna kutoka mpaka hela itimie. Mmoja akipungukiwa, wenzake wanakaa pale mpaka giza linaingia, watoto hawajapikiwa, dagaa hawajageuzwa. Afisa amekaa kwenye kiti na daftari lake, hasemi kitu. Hana haja. Kazi ya kutukana inafanywa na marafiki wa yule mama, na kesho yake wao ndio wanaokwenda kubeba sufuria zake. Ukimwambia yule mama akashtaki, atamshtaki nani? Jirani aliyemshikia mtoto alipokuwa leba? Utaratibu huu umehamisha ukatili kutoka ofisini hadi kwenye ujirani, na ofisi imebaki na mikono misafi. Yanayosemwa hapo juu kuhusu vyombo yanawahusu hata wanakikundi: dhamana ya kikundi inawapa haki ya kumdai mwenzao walichomlipia, haiwafanyi kuwa madalali wa mahakama. Kuwafungia watu wazima mahali wasitoke mpaka walipe nako si utaratibu wa fedha, hata kama umeandikwa kwenye katiba ya kikundi. Vikundi vya daraja la nne viko chini ya usimamizi wa halmashauri, kwa hiyo maofisa maendeleo ya jamii wana pa kuanzia. Kwa vikundi vya kampuni, swali liende kwa kampuni: afisa wenu alikuwa amekaa pale akifanya nini?

Simu nayo imeleta yake. Programu za mikopo ya mtandaoni zinaomba kusoma majina yaliyo kwenye simu yako, wewe unabonyeza "kubali" kwa kuwa una shida, na siku ya kuchelewa kulipa ujumbe unakwenda kwa shemeji, kwa bosi, kwa fundi cherehani, kwa dereva wa bodaboda aliyewahi kukupeleka Buzuruga mara moja. Wote wanaambiwa wewe ni tapeli na kwamba uliwaandika wadhamini. Agosti 2024 Benki Kuu ilitoa mwongozo kwa wakopeshaji wa kidijitali uliogusa uwazi wa gharama, namna ya kudai na usiri wa taarifa za wateja. Novemba mwaka huohuo ikatangaza programu na majukwaa 69 yasiyokidhi masharti. Ilikuwa hatua nzuri, ingawa kufungia jina la programu ni rahisi kuliko kumpata mwenye nayo.

Hata hivyo kwa unyanyasaji wa simu mdaiwa ana silaha nyingi kuliko anavyodhani. Sheria ya Makosa ya Mtandao ya 2015, kifungu cha 23, inakataza kumtumia mtu ujumbe kwa nia ya kumlazimisha, kumtisha, kumsumbua au kumtia simanzi, na adhabu yake ni faini isiyopungua shilingi milioni tano, kifungo kisichopungua miaka mitatu, au vyote viwili. Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya 2022 ilianza kutumika Mei 2023, na Tume yake inapokea malalamiko. Na hapa kuna jambo ambalo halisemwi vya kutosha: yule dereva wa bodaboda naye ni mlalamikaji. Hakukopa, hakudhamini, hakumruhusu mtu yeyote kuichukua namba yake. Haki yake haina doa la deni. Wadaiwa wanaona haya kulalamika, lakini shemeji na bosi hawana cha kuonea haya. Malalamiko ya watu watano waliotumiwa ujumbe ule yana uzito kuliko machozi ya mdaiwa mmoja.

Kwa hiyo usifute ujumbe. Najua mkono unawasha. Piga picha ya skrini inayoonyesha namba, tarehe na saa, itume kwa mtu unayemwamini, kwa sababu simu nazo huibwa. Ushahidi wa kielektroniki unapokelewa mahakamani. Wakija nyumbani, mtu mmoja arekodi na mwingine aandike namba ya gari. Lipa kwa njia inayoacha kumbukumbu, usimpe afisa hela taslimu mkononi eti ataipeleka ofisini. Na mkataba wako uutafute leo, kwa sababu wakopaji wengi hawana nakala, na asiye na nakala hawezi kuonyesha riba aliyotozwa.

Ukifika polisi, namna unavyofungua mdomo inaamua safari yako. Ukianza na "afande, kuna watu wananidai", utajibiwa kamalizaneni, hayo ni madai. Na kwa kweli hayo ni madai. Anza na tendo: fulani ameingia ndani kwangu bila ruhusa saa fulani, amenitishia hivi, amechukua hiki, mashahidi ni hawa. Omba RB, yaani namba ya taarifa yako kwenye kitabu cha polisi. Mwanamke aliyetishiwa au kudhalilishwa anaweza kwenda Dawati la Jinsia na Watoto. Anayeshindwa gharama za wakili asikate tamaa mapema, maana Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017 iliwatambua rasmi wasaidizi wa kisheria, ambao hawatozi kitu na wanaijua lugha ya barua hizi.

Wakopeshaji nao wana hoja, na si ya kupuuza. Wanasema mkopaji wa Mwanza ana laini tatu za simu, anahama kutoka Mabatini kwenda Buhongwa usiku, amekopa ofisi nne kwa barua ya mtaa ileile. Wapo wa hivyo, tunawajua. Wanaongeza kwamba mahakama zinachelewa, na huwezi kuzungushwa miezi kwa laki tatu. Ila Mahakama ya Mwanzo inasikiliza madai ya fedha hadi shilingi milioni 30, kwa Kiswahili, na mkopeshaji mwenye mkataba safi na mdaiwa asiyekanusha saini yake hana kesi ngumu. Wafanyabiashara wa kawaida wanakwenda huko kudai hela zao za mbao na za saruji. Wa kausha damu hawaonekani. Nadhani sababu si ucheleweshaji. Mkopeshaji akisimama mbele ya hakimu ataulizwa leseni yake, ataulizwa 30,000 ya fomu ilikatwa kwa kanuni ipi, na atatakiwa kueleza 90,000 ya riba ilipatikanaje kwa mwezi mmoja. Kwa mwenyekiti wa mtaa haulizwi hata moja kati ya hayo.